Mcheza Kwao

Wazee wetu walisema kuwa mcheza kwao hutunzwa. Mwanafunzi mpenzi, methali hiyo umeiandika katika daftari lako, umeieleza maana yake, na mwalimu wako ameitia alama ya vyema. Mimi pia nimeitia alama hiyo mara nyingi. Walakini leo nataka kuibishia mbele yako, maana yuko mtu aliyecheza kwao kwa muda wa miaka thelathini hivi, akachekesha watu wa Mombasa na wa Kisumu, wa Nairobi na wa huku kwetu Masalani ukingoni mwa Mto Tana. Na macho yake yalipoanza kufifia uzeeni, ikabidi wananchi wachangishane fedha ili apate kutibiwa.

Mtu huyo ni Benson Wanjau. Huenda jina hilo hulijui. Nikikutajia Mzee Ojwang', utasema unamjua, na kama wewe humjui baba yako anamjua. Aliingia katika michezo ya televisheni ya taifa katika miaka ya 1980, wakati kituo kilipokuwa kikiitwa Sauti ya Kenya, kabla ya kugeuzwa kuwa Shirika la Utangazaji la Kenya mwaka 1989. Alionekana katika Vioja Mahakamani, na zaidi katika Vitimbi, ambamo mkewe wa mchezoni, Mama Kayai, alikuwa Mary Khavere. Alifariki Nairobi mwezi wa Julai 2015, akiwa na umri wa miaka 78. Siku zile za msiba kila mtu alimlilia Ojwang'. Wanjau ndiye aliyekuwa amekufa, lakini wachache walimlilia kwa jina lake.

Mimi nilimwona mara ya kwanza nilipokuwa mtoto, nimepelekwa Nairobi kwa mjomba wangu aliyekuwa na duka la nguo Eastleigh. Siku ya Vitimbi majirani walijaa sebuleni mwake: Wasomali wenzetu, Mmeru mmoja aliyeuza miraa, na fundi wa viatu Mjaluo. Fundi huyo aliapa kuwa Ojwang' ni mtu wa kwao Siaya, na kwamba ukoo wake anaujua. Mjomba alipomwambia kuwa yule ni Mkikuyu, jina lake Wanjau, fundi alikasirika nusura aondoke na kikombe cha chai mkononi. Mwigizaji aweza kupewa vyeti vingi na watu wenye elimu, lakini sijui cheti kinachoishinda hasira ya fundi yule.

Yafikirie hayo kidogo. Mkikuyu alichukua jina la Kijaluo na Kiswahili cha mzee wa Kijaluo, akakaa navyo miaka yote hiyo katika nchi ambayo kabila huulizwa kabla ya jina, na Wajaluo wenyewe wakamdai kuwa ni wao. Hilo halikufanyika kwa kuiga lafudhi tu. Kuiga lafudhi ni kazi ya kasuku, naye huifanya bila kwenda shule. Mzee Ojwang' alikuwa na ukali usiodumu, na kiburi cha mwenye nyumba ambaye moyoni anajua kuwa mwenye nyumba hasa ni mkewe. Alikuwa na hila ndogondogo, na aibu zilizofuata hila hizo zilipofichuka. Lafudhi ilikuwa kanzu tu. Ndani ya kanzu mlikuwa na mtu. Mtazame sasa Msomali wa michezo mingi ya kuchekesha ya siku hizi. Amevaa kikoi, anapiga kelele “waryaa”, anahesabu pesa, basi, amekwisha. Ukimvua kikoi hubaki na kitu. Wewe Msomali unayesoma ukurasa huu umeudhika naye mara ngapi? Nami nimeudhika. Lakini maudhi hayajapata kumtoa mtu jukwaani. Mtu hutolewa jukwaani na mwingine anayepanda akaifanya kazi ile vizuri zaidi, na hapo ndipo ugomvi wangu nawe unapoanza.

Katika kila mchezo kuna mhusika mkuu, na kuna watu wanaomzunguka: mzee, mtumishi, karani, jirani mchongezi, askari, mwizi. Mhusika mkuu mara nyingi ni kijana mzuri wa sura, naye hupendwa hata asipojua kucheza, kwa kuwa hadithi yenyewe imempenda. Wale wengine hawana msaada huo. Mzee anayeingia jukwaani kwa dakika tatu hana budi kutufanya tuamini kuwa ameishi miaka sabini kabla ya kuingia, na kwamba ataendelea kuishi akisha kutoka. Hao nawaita waigizaji wa nafasi ya pili, kwa kukosa jina bora. Nafasi yao tu ndiyo ya pili. Kazi yao, kwa maoni yangu, ni ya kwanza.

Nasema hivyo leo, lakini sikulijua nilipopaswa kulijua. Nilipotoka chuo cha ualimu na kuanza kufundisha, shule niliyokuwapo ilitayarisha mchezo wa tamasha la drama. Mchezo ulihusu kijana wa sehemu zetu anayetafuta kitambulisho, akirudishwa kutoka ofisi hii hadi ofisi ile. Mhusika mkuu alikuwa kijana huyo. Mwanafunzi mmoja wa kidato cha pili alipewa sehemu ya babu yake, mzee wa ngamia, ambaye huja ofisini mara moja tu kumshuhudia mjukuu wake. Alikuwa na maneno tisa au kumi. Mwanafunzi yule alikwenda kwa babu yake halisi siku tatu mfululizo, akakaa naye bila kusema sababu. Alirudi akijua jinsi mzee anavyoegemeza fimbo pajani anapoketi, anavyoitazama chai kabla ya kuinywa, na anavyonyamaza kabla ya kujibu swali la mtu mdogo mwenye cheo. Siku ya mchezo karani alimwuliza, “Mzee, una ushahidi gani kuwa huyu ni wako?” Mzee hakujibu upesi. Aligeuka akamtazama mjukuu wake, kisha akamtazama karani, na ukumbi wote ukanyamaza. Akina mama walioketi nyuma walijifuta macho kwa shungi zao.

Baadaye ikafika siku ya kutoa zawadi. Nilimpa kamusi mpya yule aliyecheza kijana, nikamsifu kwa maneno marefu. Mzee wa ngamia sikumtaja. Wenzake, walipoona kuwa mwalimu hakumtaja kwa heshima, wakamtaja kwa dhihaka: wakamwita Babu, wakamwigiza akitembea na fimbo kila alipokwenda bombani kuteka maji. Mwaka uliofuata nilimwomba acheze tena. Alinijibu kwa adabu, macho chini, “Mwalimu, naomba unisamehe. Nimechoka kuwa mzee.” Wala hakucheza tena mpaka alipomaliza shule. Kosa hilo ni langu, na wale wenzake walikuwa wanafunzi wangu kwa maana zote mbili.

Yako maneno ambayo husemwa kila jambo hili linapotajwa. Wako wanaosema kuwa kuigiza ni uongo, na uongo ni dhambi. Mwongo hutaka aaminiwe kuwa asemalo ni kweli. Mwigizaji na watazamaji wake wamepatana tangu mwanzo kuwa huu ni mchezo, na hakuna aliyedanganywa isipokuwa fundi wangu wa viatu, naye alijidanganya kwa hiari. Wako wanaosema kuwa acheza mwizi atakuwa mwizi. Basi na tumfunge mwalimu wa historia anayesimulia vita.

Lakini mzazi mmoja alinijia akaniambia neno la tatu. “Mwalimu, mwanangu sikumleta kwako ajifunze kuchekesha watu. Atakula nini?” Hapo sikuwa na jibu, wala sikujidai kuwa nalo. Nilimkumbuka Mzee Ojwang' na macho yake. Mzazi yule alikuwa na haki, na kila ninaposhindana na watu juu ya jambo hili, naona kuwa wale wanaotaja dhambi hawanishindi, bali hunishinda huyu anayetaja chakula.

Ndiyo sababu nimetaka kujua watu wa nchi nyingine hufanyaje, na nimevutwa na habari za Mjerumani mmoja, Gert Fröbe, aliyezaliwa Saksonia mwaka 1913. Vita vilipokwisha mwaka 1945 miji ya Ujerumani ilikuwa magofu. Mwaka 1948 Fröbe alionekana katika sinema iitwayo Berliner Ballade, akiwa askari mwembamba kama ufito anayerudi mji wa Berlin uliobomoka. Baadaye alinenepa, na sinema zikamtafutia kazi za mwili wake mpya. Mwaka 1958, katika Es geschah am hellichten Tag, alicheza mwuaji wa watoto, kwa utisho ambao Wajerumani waliukumbuka miaka mingi. Mwaka 1964 alikuwa tajiri mwenye tamaa ya dhahabu katika Goldfinger, sinema ya Waingereza. Na kwa kuwa Kiingereza chake kilikuwa hafifu, sauti isikikayo humo ni ya mtu mwingine. Uso, mwili na kicheko cha macho vilitosha kumfanya ajulikane dunia nzima. Tena mwaka 1974 mwuaji yule wa watoto alicheza Hotzenplotz, mnyang'anyi wa hadithi za watoto, na watoto wakampenda. Alifariki mwaka 1988. Maisha yote ya watu wa aina ile, wabaya, wapumbavu, wenye majivuno, na hakuna aliyemwambia kuwa amejidhalilisha.

Usidhani kuwa Wajerumani wana mioyo mizuri kuliko yetu. Wana mipango. Miji mingi ya kwao, hata ile isiyo mikubwa, ina jumba la michezo linalotunzwa kwa kodi, na waigizaji wameajiriwa humo kwa mshahara wa mwezi. Yule anayecheza karani hulipwa mwezi huu na mwezi ujao, awe ameshangiliwa au hakushangiliwa. Tena tangu mwaka 1983 wanayo bima ya wasanii wanaojitegemea: msanii hulipa nusu ya mchango wa matibabu na uzeeni, na nusu ya pili hutoka kwa serikali na kwa wale wanaofanya biashara kwa kazi za wasanii. Msanii akiugua macho hapitishiwi bakuli. Jibu la mzazi wangu lilikuwa huko, katika hesabu za nusu kwa nusu. Na sisi tulilitafuta katika methali.

Njia za Wajerumani na zetu zilikutana katika sinema moja. Mwaka 2001 ilitolewa Nirgendwo in Afrika, iliyoongozwa na Caroline Link, nayo ni habari ya Wayahudi waliokimbia Ujerumani wakaja kuishi shambani Kenya kabla ya vita vya pili. Ilipigwa hapa hapa Kenya, na ndani yake Kiswahili kinasemwa kama lugha ya watu, si kama kelele za nyuma. Mwaka 2003 ilipata tuzo ya Oscar kwa sinema za lugha za kigeni. Katika sinema hiyo wako waigizaji wawili wa nafasi ya pili. Mmoja ni Matthias Habich, Mjerumani, anayecheza Süßkind, rafiki wa ile jamaa. Wa pili ni Sidede Onyulo, Mkenya, anayecheza Owuor mpishi, ambaye humfundisha mtoto wa Kijerumani kuiona nchi hii. Mimi naona moyo wa hadithi umo mikononi mwa Owuor: akiondoka nyumbani, nyumba inapoa, na mtazamaji anaihisi baridi hiyo.

Habich alipata tuzo ya filamu ya nchi yake mwaka 2002, tuzo ya mwigizaji bora wa nafasi ya pili. Wajerumani wamejenga ngazi na kuiwekea jina. Sasa simama darasani mwenu uulize, “Sidede Onyulo alikuwa nani?” Uhesabu mikono itakayoinuka. Mimi nimeuliza katika madarasa matatu, na mikono niliyohesabu ilikuwa sifuri, pamoja na wa mwalimu mwenzangu aliyekuwa akisahihisha madaftari nyuma.

Sasa nirudi kwetu, kwa Wasomali wa upande huu wa Tana, ingawa Mpokomo na Mboni anayesoma asidhani hayamhusu. Mwaka 1985 ilitoka sinema iitwayo Out of Africa, iliyopigwa Kenya, juu ya maisha ya Karen Blixen aliyekuwa na shamba la kahawa karibu na Nairobi. Mtu wa karibu wa mama huyo, aliyesimamia nyumba yake na hesabu zake, alikuwa Msomali, Farah Aden, mtu wa kweli aliyeishi. Katika sinema Farah alichezwa na Malick Bowens, mtu wa Mali, Afrika ya magharibi. Nami sina neno juu ya Bowens. Alimpa Farah utulivu na heshima, na Mkikuyu aliyecheza Mjaluo amenifunza nisiulize mwigizaji ametoka wapi. Neno langu ni kwetu sisi. Walikuja kutengeneza sinema katika nchi yenye Wasomali kutoka Mandera mpaka Ijara, na sehemu ya Msomali ikaenda kwa mtu wa mbali. Yawezekana walimpenda zaidi. Yawezekana pia kuwa hawakumkuta kwetu kijana aliyefundishwa kazi hiyo. Wangemkutaje, ikiwa kila aliyeanza kuijua tulimwita Babu mpaka akaacha?

Miaka ishirini na minane ikapita, ndipo Msomali akaonekana. Barkhad Abdi alizaliwa Mogadishu, akakulia Yemen, akahamia na wazazi wake Minneapolis, Marekani, mwaka 1999. Watu zaidi ya 700 walijitokeza huko kujaribiwa kwa ajili ya Captain Phillips, sinema ya mwaka 2013 juu ya meli ya Maersk Alabama iliyotekwa mwaka 2009 ikielekea Mombasa. Barkhad hakuwa amepata kuigiza popote. Alikuwa ameendesha magari ya abiria na kuuza simu. Alichaguliwa acheze mkuu wa maharamia. Mwezi wa Februari 2014 Waingereza walimpa tuzo yao ya mwigizaji bora wa nafasi ya pili, na katika mashindano ya Oscar alitajwa miongoni mwa watano. Magazeti ya Marekani yaliandika kuwa malipo yake yalikuwa dola 65,000, hali sinema yenyewe iliingiza zaidi ya dola milioni 200. Na kwamba baada ya kuimaliza alirudi kuuza simu katika duka la nduguye. Kwa hiyo usidhani kuwa dhuluma ya aina hii ni ya Nairobi peke yake.

Niliwasikia wengi wakilalamika: ati Msomali akionekana lazima awe haramia! Lalamiko hilo nalielewa. Lakini itazame sinema yenyewe, umtazame mtu yule mwembamba. Mwandishi alimwandikia haramia. Barkhad akatia humo njaa, na hesabu za mtu aliyekwisha kuingia mahali asipoweza kutoka, na kiburi cha kijana ambaye wenziwe wanamwangalia wamwone atafanyaje. Unamwogopa, kisha unamhurumia, kisha unajikasirikia kwa kumhurumia. Haramia alikuwa katika karatasi. Mtu alitoka Minneapolis. Miaka miwili baadaye, katika Eye in the Sky, alicheza mpelelezi wa serikali anayefanya kazi Eastleigh, akijaribu kumwokoa mtoto mwuza mikate. Mlango ulifunguliwa kwa sehemu mbaya iliyochezwa vizuri. Kama angaliikataa kwa kuogopa jina, wangempa mwingine asiyejua njaa ni nini, nasi tungalilalamika vilevile.

Basi ninachodai ni nini? Nadai fedha kwanza, maana mzazi wangu alikuwa na haki. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inamtambua mtendaji, yaani aimbaye, achezaye na aigizaye, kuwa ana haki yake katika kazi yake. Haki hiyo haina faida kwa mtu asiyejua kuwa anayo, anayetia sahihi karatasi yoyote apewayo kwa sababu nauli imekwisha. Wewe utakayetoka shule ukawa mwanasheria au mkurugenzi wa kituo cha televisheni, mchezo ukirudiwa mara kumi, mkumbuke karani wa mchezoni mara kumi. Nadai kadhalika kuwa katika kila mchezo wa shule jina la mwenye maneno tisa liandikwe kwa herufi sawa na la mwenye maneno mia tisa. Na wewe unayecheka mwenzako kwa kuwa alicheza mzee, mama mkwe au mwendawazimu, na ukamtwika jina hilo mpaka bombani, najua unajiona mcheshi. Huyo mwenzako alikuchekesha kwa kazi. Wewe wamchekesha nani?

Mwaka huu tunatayarisha mchezo mwingine. Mna mzee ndani yake, Mpokomo mwenye shamba la maembe kando ya mto, anayekuja kudai ng'ombe wa jirani wamekula miche yake. Ana maneno kumi na moja. Namtaka Msomali amcheze, na mwenye ng'ombe achezwe na Mpokomo, tuone fundi wa viatu atakasirika upande gani. Karatasi ya majina nimeibandika mlangoni mwa chumba cha walimu tangu Jumatatu. Wanaotaka kuwa kijana shujaa wamefika kumi na wanne, mmoja amejiandika mara mbili. Mstari wa mzee ungali mtupu. Karatasi nitaiondoa Alhamisi baada ya swala ya alasiri, na kalamu nimeifunga kwa uzi palepale mlangoni.